Aliyeteuliwa na rais atamchunguzaje rais?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa Uraia, kidato cha nne, Tanga. Juzi nilikuwa nafundisha mgawanyo wa madaraka, kijana mmoja akanyoosha mkono: "Mwalimu, kama mchunguzi ameteuliwa na rais, si ndiyo kesi ya nyani kumpelekea ngedere?" Darasa zima likacheka. Nikamwambia Afrika Kusini iliwezekana, yule mama alimchunguza Zuma mpaka akatakiwa kurudisha hela za nyumba ya Nkandla. Akaniuliza: iliwezekanaje? Nikakwama. Wanataka kujua pia kama kweli alilipa. Nisaidie, wakili.

JIBU: Mwalimu, pole na chaki. Huyo kijana mpe hongera, maana swali lake ndilo tunalobishania sisi wa sheria miaka nenda rudi, ila yeye kalisema kwa ufupi kutushinda.

Kuna mahali kateleza kidogo, na hapo ndipo pa kuanzia. Yeye anaona tatizo ni nani kateua. Sasa mwambie hivi: Thuli Madonsela, yule mama unayemsema, aliyekuwa Mlinzi wa Umma wa Afrika Kusini, yaani mchunguzi wa mwenendo wa serikali, aliteuliwa na Jacob Zuma mwenyewe, rais wa wakati huo, mwaka 2009. Mogoeng Mogoeng, Jaji Mkuu aliyesoma hukumu ya kumbana Zuma, naye ni Zuma aliyempandisha kwenye kiti hicho mwaka 2011, na wakati ule watu walipiga kelele sana kwamba kawekwa pale kumlinda bwana mkubwa. Kwa hesabu ya nyani na ngedere, kesi ya Nkandla ilikuwa imekwisha kabla haijaanza.

Maswali yenye uzito ni mawili. La kwanza, aliyeteua anaweza kumfukuza aliyemteua? La pili, mchunguzi akishamaliza kuandika, nani ana ruhusa ya kuipuuza ripoti yake? Hilo la kwanza watu wengi hulikumbuka. La pili husahaulika, na ndilo lililoamua kisa cha Nkandla, kwa hiyo nitakaa nalo zaidi.

Nkandla iko ndani ndani huko KwaZulu-Natal, kwenye vilima, na ndiko kwao Zuma. Alipoapishwa Mei 2009 serikali ilianza kuimarisha ulinzi wa makazi yake binafsi ya huko. Hadi hapo hakuna kosa. Rais analindwa hata akienda kijijini kuangalia ng'ombe wake. Makadirio ya mwanzo yalikuwa kama randi milioni 27. Ripoti ya Madonsela ilipotoka, tarehe 19 Machi 2014, zilikuwa zimeshatumika randi milioni 215, na makisio ya kumaliza kazi yote yalikuwa milioni 246.

Zilifikaje huko? Mwalimu, kama umewahi kujenga unajua jinsi ramani inavyoota mbawa fundi akishapata mlango. Msanifu majengo aliyekuwa akimjengea Zuma nyumba zake binafsi pale pale ndiye aliyechukuliwa na serikali kusimamia kazi ya serikali. Mtu mmoja, kiwanja kimoja, wateja wawili, na bili ya mteja mmoja inalipwa na walipa kodi. Ukisoma ripoti unaona kila kitu kinaanza kidogo halafu kinanenepa: viwanja vya helikopta, zahanati, nyumba za askari, uzio. Katikati ya hayo vikaingia vitu vitano ambavyo Madonsela alisema havina uhusiano wowote na ulinzi: kituo cha kupokelea wageni, ukumbi wa wazi wenye ngazi za kukalia watu, zizi la ng'ombe, banda la kuku, na bwawa la kuogelea.

Hilo zizi lina kisa chake, nalo linanifundisha kuliko hayo mengine. Zuma mwenyewe alimweleza Madonsela kwamba ndiye aliyeomba zizi kubwa zaidi, kwa sababu mifugo ilikuwa imeongezeka, na kwamba alikuwa tayari kurudisha gharama yake. Yaani kwenye zizi alijua kabisa kuwa ni mali yake na kwamba anapaswa kulipa. Sasa inakuwaje mtu ajue hivyo kuhusu zizi, asijue kuhusu banda la kuku lililo jirani yake? Madonsela hakusema Zuma aliiba. Alisema rais alinufaika isivyostahili, na kwamba gazeti moja la huko lilipoandika mapema kabisa, Desemba 2009, kuwa mamilioni yanamwagwa Nkandla, mwenye nyumba alitakiwa aulize: jamani, mnajenga nini hapa kwangu?

Kabla ripoti haijatoka, mawaziri walijaribu kila mlango. Nkandla ilikuwa imetangazwa mwaka 2010 kuwa eneo nyeti la taifa, kwa sheria ya mwaka 1980 iliyotungwa enzi za ubaguzi. Sheria hiyo ikageuzwa blanketi. Maswali yakiulizwa, jibu ni usalama wa taifa; bili ikiombwa, jibu ni usalama wa taifa. Novemba 2013 mawaziri wa ulinzi na usalama walikwenda mahakamani kuizuia rasimu ya ripoti, kisha wakaiondoa kesi yao wenyewe. Mwezi huo huo wakayaonya magazeti yasichapishe picha za boma lile. Kesho yake magazeti yakazipanga picha ukurasa wa kwanza. Kichekesho ni kwamba sheria hiyo hiyo ya 1980, ukiisoma hadi ndani, inasema mwenye eneo nyeti ndiye anayegharimia ulinzi wake. Waliokuwa wakijifunika nayo sijui kama waliifungua.

Ripoti ikatoka, kurasa zaidi ya 400. Ikaagiza mambo machache tu: rais, kwa msaada wa Hazina na polisi, akokotoe gharama ya vile vitu visivyo vya ulinzi, alipe sehemu inayostahili, awakaripie mawaziri waliohusika, na ndani ya siku 14 apeleke bungeni maelezo yake. Ona, mwalimu, hakumwambia ajiuzulu wala alipe milioni 246. Alimwambia lipia kuku wako.

Na hapo ndipo kisa kilipoanza kufanana na visa tunavyovijua sote. Rais hakukataa. Hakukubali pia. Agosti 2014 aliliandikia Bunge kwamba waziri wa polisi ndiye ataamua kama kuna chochote anachodaiwa. Yaani mtu anadaiwa, halafu anamteua mfanyakazi wake akahakiki deni. Wabunge wa chama kipya cha EFF, waliovalia maovaroli mekundu, wakaanza kugonga meza bungeni wakiimba kwa Kiingereza kwamba arudishe hela, na kikao kikavunjika.

Waziri wa polisi, Nathi Nhleko, alitoa majibu yake Mei 2015. Kama una namna ya kuwaonyesha wanafunzi video ya siku ile, waonyeshe, itakupunguzia maelezo ya wiki nzima. Waziri yuko mbele ya waandishi wa habari, jasho linamtiririka, anajifuta kwa kitambaa, anasoma. Bwawa la kuogelea, anasema, si la kuogelea. Ni bwawa la zimamoto. Ikawekwa filamu ya askari wa zimamoto wakivuta maji kwenye bwawa kwa pampu na kuyarusha, na nyuma yake unasikia wimbo wa Kiitaliano, "O Sole Mio". Banda la kuku nalo likawa la ulinzi, eti kuku wakizagaa wanaweza kuchezesha vifaa vya usalama. Ukumbi wa wazi ukawa ukuta wa kuzuia udongo usiporomoke. Hitimisho: rais hadaiwi hata senti. Agosti mwaka huo Bunge, ambalo chama cha rais, ANC, kilikuwa na wingi wa kutosha, likaipitisha ripoti ya waziri.

Tusimame hapo kidogo. Mezani kuna ripoti mbili. Moja ya Mlinzi wa Umma inasema lipa. Nyingine ya waziri, iliyobarikiwa na Bunge, inasema usilipe. Raia wa kawaida anaangalia anasema: basi, funika kombe mwanaharamu apite. Na kwa kweli kwetu na kwa majirani zetu, mara nyingi hapa ndipo hadithi inapoishia. Tume ya kwanza inajibiwa na kamati ya pili, kamati ya pili inaundiwa timu ya wataalamu, na timu ya wataalamu inaomba muda.

Kilichoizuia isiishie hapo ni maneno machache ndani ya Katiba ya Afrika Kusini ya mwaka 1996, ibara ya 182. Mlinzi wa Umma amepewa vitenzi vitatu: kuchunguza, kutoa taarifa, na kuchukua hatua stahiki za kurekebisha. Ni hicho cha tatu kilichokuwa na mabishano. Serikali ilisema huyu ni mshauri tu. Anapendekeza, sisi tunapima. Wengine wakasema hapana, "kuchukua hatua" haiwezi kuwa na maana ya "kushauri".

Mabishano hayo hayakuamuliwa kwanza kwenye kesi ya rais. Yaliamuliwa kwenye kesi ya cheti cha sekondari. Madonsela alikuwa ameandika ripoti nyingine kuhusu shirika la utangazaji, SABC, ambako bosi mmoja wa juu, Hlaudi Motsoeneng, alikutwa amedanganya kuwa amemaliza kidato cha mwisho. Sisi tungesema cheti feki. Badala ya kutekeleza, shirika likaajiri kampuni ya mawakili ifanye uchunguzi wake, kisha likampandisha cheo cha kudumu. Oktoba 2015 Mahakama ya Rufaa ikasema: huwezi. Kama hukubaliani na Mlinzi wa Umma, nenda mahakamani uombe uamuzi wake utenguliwe. Mpaka utenguliwe, unabaki uamuzi na unakufunga. Huruhusiwi kufanya uchunguzi wako pembeni, ukajisafisha, ukaendelea na maisha.

Ukiishika hoja hiyo, Mwalimu, umeshika jibu la kijana wako. Ile ripoti haikuwa na nguvu kwa sababu Madonsela alikuwa jasiri, ingawa alikuwa jasiri kwelikweli, alitukanwa mpaka na viongozi wa chama tawala kwamba ni jasusi. Ilikuwa na nguvu kwa sababu mzigo wa kwenda mahakamani ulihamishwa. Kwa kawaida mwananchi ndiye anayehangaika kuilazimisha serikali itekeleze ripoti. Hapa ilibidi anayeikataa ripoti ndiye ahangaike. Akikaa kimya, kukaa kwake kimya ndilo kosa.

EFF na chama kingine cha upinzani, DA, wakaenda Mahakama ya Katiba. Siku chache kabla ya kesi kusikilizwa, Februari 2016, Zuma akatoa ofa: niko tayari kulipa, ila wakokotoe wengine. Na siku yenyewe wakili wake akakubali mbele ya majaji kwamba hatua za Mlinzi wa Umma zinafunga. Miaka miwili ya bwawa la zimamoto ikayeyuka katika asubuhi moja.

Hukumu ilisomwa tarehe 31 Machi 2016, majaji wote 11 wakiwa kauli moja. Mogoeng, ambaye ni mchungaji kanisani, alimfananisha Mlinzi wa Umma na Daudi anayepambana na Goliathi kwa ajili ya watu wa kawaida. Maneno ya kutisha zaidi yalikuwa ya kisheria: rais ameshindwa kuilinda na kuiheshimu Katiba. Na Bunge nalo, kwa kuipitisha ripoti ya waziri badala ya kumsimamia rais, limekiuka Katiba. Watu humkumbuka Zuma tu katika hukumu hii. Mimi naona lile la Bunge ndilo kali zaidi, kwa sababu wabunge walidhani wingi wao wa kura unaweza kufuta deni.

Sasa usiwape wanafunzi wako picha ya ushindi usio na doa. Tarehe 5 Aprili, siku tano tu baada ya hukumu, hoja ya kumwondoa Zuma ilipigiwa kura bungeni. Waliotaka aondoke walikuwa 143, waliokataa 233. Yaani mahakama ya juu kabisa imesema rais kavunja Katiba, na Bunge linasema tumesikia, tuendelee. Zuma alikaa madarakani karibu miaka miwili mingine. Mahakama inaweza kumlipisha mtu banda la kuku. Kumng'oa kitini ni kazi ya wabunge, na wabunge wana chama.

Nirudi kwenye lile swali la kwanza, la kufukuzwa. Mlinzi wa Umma anapendekezwa na Bunge, rais anasaini. Anakaa miaka saba na hairudiwi. Hilo la kutorudiwa ni dogo ukilisoma, kubwa ukiliwaza: mtu ambaye hategemei kuongezewa muda hana cha kumbembeleza bosi. Na kumwondoa lazima theluthi mbili za wabunge wakubali, kwa sababu zilizotajwa kwenye Katiba. Zuma angeweza kumchukia Madonsela anavyotaka. Hakuwa na kalamu ya kumfuta kazi.

Linganisha na Marekani mwaka 1973. Archibald Cox, mwendesha mashtaka maalumu, alikuwa akimchunguza Rais Richard Nixon, lakini kinga yake ilikuwa kanuni ya wizara tu. Cox alipong'ang'ania kanda za sauti za Ikulu, usiku wa Jumamosi tarehe 20 Oktoba Nixon akaagiza afukuzwe. Mwanasheria Mkuu akakataa, akajiuzulu. Naibu wake akakataa, naye akaondoka. Wa tatu ndiye aliyesaini. Kilichomwokoa Cox, au tuseme kilichouokoa uchunguzi wake, ni hasira za wananchi na za Bunge, na hasira haziandikwi katika Katiba. Siku nyingine zinakuwepo, siku nyingine watu wamechoka.

Na kwetu? Kumbuka Profesa Mussa Assad, aliyekuwa Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu (CAG). Alisema neno kuhusu udhaifu wa Bunge, Aprili 2019 Bunge likaazimia halitafanya naye kazi, na Novemba mwaka huo muda wake wa miaka mitano ukaisha, akawekwa mwingine. Sheria ya ukaguzi ilisema miaka mitano, na inaweza kuongezwa. Katiba inasema anakaa hadi afikishe umri wa kustaafu. Desemba 2022 Mahakama Kuu ikasema kuondolewa kule hakukuwa kwa mujibu wa Katiba. Ilikuwa imeshapita miaka mitatu tangu aondolewe. Waambie wanafunzi walinganishe maneno hayo mawili: "hairudiwi" na "inaweza kuongezwa". Mitihani haiulizi hivyo, lakini maisha yanauliza.

Madonsela hakuishia Nkandla. Mwaka 2016, muda wake ukiwa unayoyoma, alikuwa akichunguza jinsi ndugu wa familia ya Gupta, wafanyabiashara marafiki wa Zuma, walivyodaiwa kushiriki mpaka katika kupanga mawaziri. Naibu waziri wa fedha, Mcebisi Jonas, alisema aliitwa nyumbani kwao Johannesburg akaahidiwa uwaziri kamili na randi milioni 600. Madonsela alijua hataweza kumaliza. Alijua pia kwamba akimwachia rais aunde tume, rais ataunda tume ya marafiki. Kwa hiyo akaagiza hivi: rais aunde tume, lakini jaji wa kuiongoza achaguliwe na Jaji Mkuu, na Jaji Mkuu atoe jina moja tu. Jina moja! Si matatu rais ajichagulie. Huo ndio ufundi wa mtu aliyekaa na swali la nyani na ngedere miaka saba.

Zuma alipinga mahakamani na Desemba 2017 akashindwa, na gharama za kesi akaambiwa azilipe mfukoni mwake. Januari 2018 akaiunda tume chini ya Jaji Raymond Zondo. Februari tarehe 14, chama chake kikiwa kimeshamchoka, akajiuzulu. Tume ilifanya kazi hadi 2022, ikasikiliza mashahidi zaidi ya 300, ikatumia karibu randi bilioni moja. Zuma aliitoroka, akakaidi amri ya mahakama ya kurudi, na Juni 2021 akahukumiwa miezi 15 kwa kuidharau mahakama. Fujo zilizofuata KwaZulu-Natal na Gauteng ziliua watu zaidi ya 350. Kifungo chake hakikuhusu bwawa wala Gupta. Kilihusu kukataa kuitika wito. Wanafunzi wengi hulikosea hilo, hata baadhi ya waandishi.

Sasa nikuongezee kitu ambacho kitamfurahisha yule kijana mbishi, kwa sababu kinamuunga mkono. Baada ya Madonsela kiti kile kile kilikaliwa na Busisiwe Mkhwebane. Katiba ile ile, vitenzi vile vile vitatu. Mahakama zilitengua ripoti zake moja baada ya nyingine, na mwaka 2019 Mahakama ya Katiba ikasema hakuwa mkweli katika kesi moja na ikamwacha alipe sehemu ya gharama mwenyewe. Juni 2022 akatangaza kwamba amemtumia Rais Cyril Ramaphosa maswali 31 kuhusu dola zilizoibwa shambani kwake Phala Phala, zilizokuwa zimefichwa ndani ya sofa. Kesho yake rais akamsimamisha kazi. Mahakama Kuu ikaona kuna harufu ya kulipiza kisasi. Mahakama ya Katiba baadaye ikasema kusimamishwa kulikuwa halali. Septemba 2023 Bunge likamwondoa kwa kura 318 dhidi ya 34, wa kwanza kuondolewa kwa njia hiyo.

Na Phala Phala yenyewe? Jopo huru likiongozwa na Jaji Mkuu mstaafu, Sandile Ngcobo, likaona rais ana maswali ya kujibu. Desemba 2022 Bunge likapiga kura: 148 wakataka mchakato wa kumwondoa uendelee, 214 wakakataa. Linganisha na ile 143 kwa 233 ya Zuma. Majina yamebadilika, hesabu ni ile ile.

Kwa hiyo wakikuuliza je, sisi tunaweza, usiwajibu kwa hisia. Wape Katiba yetu wafungue ibara ya 46A. Rais wa Jamhuri ya Muungano anaweza kushtakiwa bungeni. Wabunge asilimia 20 watoe taarifa, theluthi mbili waunde Kamati Maalumu ya Uchunguzi, na mwenyekiti wake ni Jaji Mkuu, pamoja na Jaji Mkuu wa Zanzibar na wajumbe saba wa kuteuliwa na Spika. Haijawahi kutumika. Waulize: katika orodha hiyo, nani anaweza kufukuzwa na nani? Watakaa nalo kipindi kizima.

Kisha wape Richmond ya 2008, kashfa ya mkataba wa umeme wa dharura, mfano wetu mkubwa. Kamati Teule ya Dk. Harrison Mwakyembe iliwasilisha ripoti Dodoma mapema Februari, na tarehe 7 Waziri Mkuu Edward Lowassa akajiuzulu. Hiyo ni haraka kuliko Nkandla, na hakuna mahakama iliyoguswa. Lakini ripoti ile haikumfunga mtu kisheria. Ilikuwa na mapendekezo. Ilifanya kazi kwa sababu Bunge lilikuwa limewaka, redio zinarusha moja kwa moja, na nchi nzima, iliyokuwa imeonja giza la mgawo wa umeme, inataka kujua zile megawati 100 za dharura zilikwenda wapi. Ni kama yale ya Cox: hasira zilikuwepo. Mapendekezo mengine ya kamati ile ile yalibaki yakijadiliwa miaka baadaye, hasira zikiwa zimeshapoa.

Zoezi ninalowapa wanafunzi wangu wa chuo ni hili, nawe ulichukue. Wagawie makundi, kila kundi chombo kimoja: TAKUKURU, CAG, Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, kamati ya Bunge. Watafute kwenye sheria kitenzi cha mwisho. Chombo kikimaliza kazi kina*pendekeza*, kina*wasilisha*, kina*shtaki*, au kina*agiza*? Na kinamkabidhi nani? Wakipata kitenzi na jina la anayekabidhiwa ripoti, wataweza kukutabiria inakoelekea kabla haijaandikwa.

Nimebakiza lile la malipo. Ndiyo, alilipa. Hazina ilikokotoa vile vitu vitano, ikasema sehemu ya rais ni randi 7,814,155. Si 246 milioni. Zile nyingine ziliyeyuka kwa wakandarasi, na serikali ilibaki ikimdai yule msanifu mahakamani. Zuma alizikopa kwa VBS, benki ndogo ya huko Limpopo iliyoanzia kwa Wavenda, ambako bibi wa vijijini na vikundi vya kuzikana waliweka akiba zao. Akalipa Septemba 2016. Mwaka 2018 benki hiyo ikaanguka, na uchunguzi ukaonyesha karibu randi bilioni mbili zilikuwa zimeporwa na watu wa ndani na marafiki zao. Kwenye habari za wiki ile kulikuwa na picha ya wazee wamepanga foleni nje ya tawi tangu alfajiri, wengine wamekuja na viti vyao, wakisubiri kuambiwa kama wataruhusiwa kutoa chochote.